Filamu ya tsunami imemtia mwanangu hofu ya bahari. Je, tuhame Pangani?

"Shikamoo mtaalamu. Mimi ni mama wa watoto watatu, naishi Pangani, nyumba yetu haiko mbali na bahari. Mume wangu ni mvuvi. Mwanangu wa miaka 9 alikwenda kibanda umiza na kaka zake, wakaangalia filamu ya tsunami, zile zilizotafsiriwa, wimbi linafunika maghorofa na watu wanakanyagana. Tangu siku hiyo maji yakipwa sana wakati wa bamvua hataki kukanyaga pwani, na usiku anaamka kuuliza kama baba amerudi. Halafu kwenye kundi la WhatsApp la familia, kila tetemeko likitokea Indonesia mtu anatuma video na sauti kwamba tsunami inakuja Tanga. Shemeji anasema tuuze kiwanja tuhamie Muheza. Mama mkwe anacheka, anasema bahari yetu haina mambo hayo, hizo hadithi za Wazungu. Nimsikilize nani? Na yale yanayooneshwa baada ya tsunami, watu kuibiana, maiti kuleta magonjwa, watoto kuuzwa, ni kweli?"

Marahaba, mama. Umegusa jambo ambalo sisi watu wa mambo ya bahari huwa tunalipita haraka. Wengi wetu hatujawahi kuiona tsunami, tumeiona filamu ya tsunami, na tukiulizwa ikoje tunasimulia filamu. Mwanao si mwoga. Ameoneshwa jambo la kutisha kwa picha nzuri na sauti kubwa, na mtafsiri naye akaongeza chumvi yake kwenye kipaza sauti, kisha akarudi nyumbani kwenye pwani ambayo kila siku maji huondoka mbele ya macho yake. Angeacha vipi kuogopa?

Nianze na jibu la mkato ili upumue. Msihame kwa ajili ya tsunami. Shemeji amezidisha, na mama mkwe, kwa heshima zote, amepunguza. Hizo video za kwenye kundi karibu zote ni za kufuta, ila ipo taarifa ya aina moja ambayo hupaswi kuipuuza, nayo nitaifikia. Na kuhusu yanayooneshwa baada ya maafa, mengi yamepotoshwa, na baadhi ya upotoshaji huo umewahi kuumiza watu.

Watu wakizikosoa filamu hizi husema zinatia chumvi. Lawama yangu ni nyingine. Zinatuzoesha kuogopa kitu ambacho kwa kawaida hakiji, na kile kinachokuja kweli tunabaki tunakitazama.

Kwenye filamu nyingi za Marekani tsunami ni ukuta wa maji ya buluu uliosimama wima kupita maghorofa, kichwa kimejikunja, na unakuja taratibu kiasi cha mhusika kugeuka, kushangaa, kumwita mkewe na kuwasha gari. Hata mchoro maarufu wa Hokusai wa Japani, wa miaka ya 1830, wenye wimbi la povu kama makucha, ambao hubandikwa kwenye mabango ya tsunami kila mahali, hauoneshi tsunami. Ni wimbi kubwa la bahari la kawaida, na mashua zimo ndani yake.

Wimbi unalolijua wewe limetengenezwa na upepo. Linatikisa maji ya juu tu, linapiga, linarudi, na baada ya sekunde chache linakuja jingine. Tsunami huanzia chini. Sakafu ya bahari ikinyanyuka au kudidimia ghafla, maji yote yaliyo juu yake, kutoka chini kabisa mpaka usoni, yanasukumwa kwa pamoja. Ukibeba karai la maji kichwani mtu akakupamia, maji hayafanyi viwimbi vya juu juu. Yanahamia yote upande mmoja na kumwagika. Ndivyo ilivyokuwa tarehe 26 Desemba 2004, ufa wa zaidi ya kilomita 1,200 ulipofunguka chini ya bahari magharibi mwa Sumatra, Indonesia, kwa tetemeko la ukubwa wa 9.1. Setilaiti iliyopita juu ya Bahari ya Hindi saa mbili hivi baadaye ilikuta wimbi lile, kule kilindini, lina kimo cha kama sentimita 60 tu. Lilikuwa likienda kwa mwendo wa ndege ya abiria, na mvuvi aliyekuwa kwenye kina kirefu asingejua kwamba limepita chini yake.

Balaa huanza linapofika maji madogo. Mbele linapunguza mwendo, nyuma linaendelea kusukuma, na maji yanarundikana. Sikatai kwamba yapo maeneo linasimama kama ukuta. Pwani ya Lhoknga, magharibi mwa Aceh, mkoa wa ncha ya kaskazini ya Sumatra, maji ya 2004 yalipanda vilima kufikia mita 30. Lakini mahali pengi linaingia kama maji kujaa, ila ni kujaa kwenye haraka isiyo ya kawaida na kusikokoma. Dakika kumi, dakika kumi na tano, maji yanaingia tu: yanavuka mchanga, yanavuka minazi, yanashika barabara, yamebeba ngalawa, magogo, mabati na pikipiki. Wimbi la upepo la mita mbili watoto wanalichezea. Tsunami ya mita mbili ni bahari nzima imeamua kuingia ndani. Na si maji ya buluu. Japani, tarehe 11 Machi 2011, helikopta ya televisheni ya NHK ilirusha moja kwa moja picha za maji meusi mazito yakitambaa juu ya mashamba karibu na Sendai, yamebeba nyumba nzima nzima. Hakuna ukuta, hakuna kichwa kilichojikunja. Kwangu mimi zile ndizo picha za tsunami zilizofundisha kuliko filamu zote.

Ipo video nyingine ya kweli, kutoka mji wa Palu, Indonesia, Septemba 2018. Mtu amesimama juu kwenye maegesho ya magari ya ghorofa, anarekodi kwa simu. Baharini unaonekana mstari mweupe mrefu, si mrefu kwenda juu. Barabarani chini yake magari na pikipiki zinaendelea na safari zake. Yule wa juu anapiga kelele mpaka sauti inamkauka, na wa chini wengine hata hawageuki. Ukiiangalia unajiuliza kwa nini hawakimbii. Mimi nadhani jibu moja ni kwamba mstari mweupe haufanani na kile ambacho watu wamezoeshwa kukiita tsunami.

Filamu pia hupenda wimbi moja. Linapiga, muziki unashuka, manusura wanainuka wanatafutana. Tsunami halisi ni msururu. Kati ya wimbi na wimbi huweza kupita dakika kumi au hata saa nzima, na la kwanza mara nyingi si kubwa kuliko yote. Mwaka 2004 wako waliookoka mara ya kwanza, wakashuka kutafuta ndugu na mali, na maji ya pili yakawakuta hapo. Kwa hiyo akija mtu kukwambia "imeshapita", mwulize amejuaje.

Sasa tuje kwenye maji kupwa, maana hapo ndipo mwanao ameshika kitu cha kweli kwa mkono wa kushoto. Ni kweli kwamba bahari huweza kurudi nyuma kabla ya tsunami. Huko Thailand mwaka 2004 ilirudi, samaki wakabaki wanarukaruka kwenye matope, na watu wakaenda kuwaokota. Lakini sehemu nyingi za Sri Lanka na India maji yalianza kwa kupanda bila kurudi kwanza. Inategemea pwani iko upande gani wa ule ufa. Kwa hiyo maji yakirudi ghafla, kimbia. Ila usikae kuyasubiri yarudi ndipo ukimbie.

Na bamvua je? Mwambie mwanao hivi, tena mwambie mkiwa mmesimama pwani. Maji ya bamvua yanapwa kwa saa sita hivi, taratibu, na baba yake anajua siku na saa kwa kuangalia mwezi. Yana adabu zake. Akina mama wanaingia mwambani kutafuta pweza na kutoka wakijua muda gani yataanza kujaa. Maji ya tsunami yanakimbia kwa dakika chache, saa isiyo yake, na yanafunua miamba ambayo hata wazee hawajawahi kuiona kavu. Mtoto wa pwani ana uwezo mkubwa wa kuona tofauti hiyo kuliko mtalii yeyote. Kisiwa cha Simeulue, jirani kabisa na chanzo cha tetemeko la 2004, maji yalifika ndani ya dakika kumi hivi. Kati ya watu karibu 78,000 walikufa saba. Tangu tsunami ya mwaka 1907 wazee wao waliwaachia watoto simulizi na nyimbo: ardhi ikitikisika kwa nguvu na bahari ikarudi, panda mlima, usiulize. Hawakuwa na king'ora wala filamu.

Hapa nizitendee haki picha, nisije nikaonekana nachukia kila kioo. Siku ileile ya 2004, kwenye ufukwe mmoja wa Phuket, Thailand, binti wa Kiingereza wa miaka 10 aliona bahari inatoa povu kwa namna ya ajabu akawasumbua wazazi wake mpaka ufukwe ukaondolewa watu. Alijuaje? Wiki mbili kabla, darasani, mwalimu wa jiografia aliwaonesha video ya tsunami ya Hawaii ya mwaka 1946. Mtoto mwenye umri wa kulingana na wako, na video, ila ilikuwa video ya kweli na mwalimu pembeni wa kueleza nini cha kuangalia.

Mama mkwe anasema bahari yetu haina mambo hayo. Siku hiyo ya 2004 maji yalivuka bahari yote, takriban kilomita 6,000, yakafika kwetu baada ya saa saba na kuendelea. Somalia walikufa karibu watu 300, na rasi ya Hafun iliumia vibaya. Tanzania walikufa watu wasiopungua kumi, wengi wao wakiogelea. Kenya alikufa mmoja. Vipimo vya maji vya Lamu na Zanzibar vilionesha bahari ikipanda na kushuka bila mpango. Tulipona kwa sababu ufa ule ulilala kaskazini hadi kusini, na nguvu ya maji hutoka zaidi ubavuni, kwa hiyo mashariki na magharibi yake ndiko kulikochapwa: Thailand upande mmoja, Sri Lanka, Maldives na Somalia upande wa pili. Sisi tulikuwa pembeni kidogo. Ufa mwingine, mahali pengine, unaweza kutuelekea.

Na tena, mama, ushahidi uko hapo hapo kwenu. Wanasayansi waliochimba ghuba ya Pangani walitangaza mwaka 2020 kwamba wamekuta tabaka la mchanga lililoletwa na tsunami kama miaka 1,000 iliyopita, na ndani yake mifupa ya watu wa kijiji cha wavuvi. Sikuambii haya ili ukose usingizi. Miaka elfu ni muda mrefu, na jambo linalokuja mara moja moja hivyo halimfanyi mtu auze kiwanja. Lakini halimfanyi acheke pia.

Mbona basi wengi hawajui kwamba Somalia watu walikufa? Kwa sababu kamera hazikuwa kule, na hapo ndipo tunaingia kwenye swali lako la yanayooneshwa baada ya maafa.

Tsunami ya 2004 iliua watu wapatao 227,000 katika nchi 14. Indonesia peke yake ni kama 167,000, karibu wote Aceh. Thailand ni kama 8,000 ukijumlisha waliopotea, na karibu nusu yao ni wageni. Sasa jiulize picha ngapi umeziona za hoteli za Thailand na ngapi za Aceh. Aceh ilikuwa na vita. Mei 2003 iliwekwa chini ya utawala wa kijeshi, na waandishi wa nje walibanwa kuingia. Thailand kulikuwa na watalii wenye kamera mikononi. Dunia ikaonyeshwa maafa ya watalii. Filamu kubwa ya mwaka 2012, iliyotengenezwa na Wahispania, nayo ikasimulia familia moja ya wageni hotelini. Nikiri kwamba maji yake yana ukweli kuliko filamu nyingi: yana uchafu, yanakata, yanazungusha mtu na kumchoma kwa vitu. Na familia ile ilikuwepo kweli. Tatizo ni kwamba wenyeji wanapita tu kwenye picha kuwasaidia wageni, na mtazamaji wa Pangani anabaki anaamini tsunami ni jambo la watu wa hotelini. Hizo "hadithi za Wazungu" za mama mkwe, yeye hakuzitunga. Alioneshwa hivyo.

Filamu pia hupenda baba shujaa anayemkimbilia mwanawe. Shirika la Oxfam lilihesabu manusura kwenye vijiji vinne vya Aceh Besar mapema 2005: kati ya watu 676 waliobaki hai, wanawake walikuwa 189. Ilikuwa Jumapili asubuhi. Wanaume wengi walikuwa baharini wakivua au wametoka kwenye shughuli, na wanawake walikuwa nyumbani, wamebeba watoto, wengi hawajui kuogelea wala kupanda minazi. Fikiria jambo hilo kwa nyumba yako. Mwanao anaamka usiku kuuliza kama baba amerudi. Kwa tsunami, baba aliye kilindini ndiye aliye salama. Wenye kutakiwa kukimbia ni nyinyi mlio nyumbani. Mwambie hivyo, nadhani kutampa nafuu. Na mweleze mumeo upande wake: akipata habari ya tsunami akiwa mbali baharini asikimbilie nchi kavu kuwaokoa, aelekee kina kirefu, cha mita mia na zaidi, na akae huko mpaka atangaziwe. Wenye vyombo wengi huangamia karibu na gati, wakirudi.

Watu kuibiana na kukanyagana? Wizi hutokea, sisemi hautokei, lakini si kwa kiasi unachooneshwa. Watafiti wa maafa wa Marekani wamelichunguza jambo hili tangu mwaka 1963 walipoanzisha kituo chao huko Ohio, na kila mara wanakuta hadithi ileile: watu wengi hawapagawi, wanatafuta ndugu zao, na anayemtoa mtu kwenye kifusi au matope mara nyingi ni jirani, kabla mwenye sare hajafika. Kwenye kimbunga Katrina, New Orleans, Agosti 2005, vyombo vya habari vilijaa habari za mauaji na ubakaji kwenye uwanja wa michezo walikojihifadhi watu. Baadaye nyingi hazikuthibitika. Lakini zilikuwa zimeshawafanya askari waingie mjini na bunduki kama wanaingia vitani, badala ya kuingia na maji ya kunywa.

Kuhusu maiti na magonjwa nataka niseme kwa nguvu kidogo, kwa sababu hofu hii inawanyima watu haki ya kuzika. Maiti ya mtu aliyekufa kwa kuzama au kuangukiwa na ukuta haianzishi mlipuko wa ugonjwa. Hakufa kwa kipindupindu, basi kipindupindu kitoke wapi? Shirika la Afya Duniani limelirudia hili miaka mingi. Wanaobeba maiti wavae glavu, wanawe mikono, maiti ziwekwe mbali na visima, basi. Hata hivyo Aceh maelfu kwa maelfu walifukiwa haraka kwenye makaburi ya pamoja kama Siron na Ulee Lheue bila kutambuliwa, na familia nyingi mpaka leo huenda kuomba dua juu ya shimo kubwa zisijue mtu wao kalala upande gani. Magonjwa yaliyowasumbua walio hai yalikuwa mengine: pepopunda kwenye majeraha, mapafu ya waliomeza maji ya matope, kuhara kwa kukosa maji safi. Hayo hayana mvuto kwenye televisheni.

Watoto kuuzwa. Tahadhari hapo ni halali, na Indonesia ilizuia watoto wa chini ya miaka 16 wasitolewe Aceh kiholela. Lakini angalia jinsi habari inavyonona njiani. Mashariki mwa Sri Lanka, hospitali ya Kalmunai, aliletwa mtoto mchanga aliyekutwa hai baada ya maji, akaandikwa namba 81 kwenye daftari. Dunia nzima ikatangaziwa kwamba wazazi tisa tofauti wanamgombania, kila mmoja akilia ni wangu. Ikawa hadithi ya kuwatoa watu machozi. Ukweli ulipokuja kujulikana, waliofungua madai mahakamani walikuwa mume na mke mmoja tu, na Februari 2005 kipimo cha vinasaba kilithibitisha kwamba ni wao. Ile "tisa" ilitoka midomoni mwa watu ikaingia magazetini. Wazazi wa kweli, waliokwisha kupoteza nyumba, wakasubiri wiki kadhaa kukabidhiwa mtoto wao.

Kinachofuata baada ya hapo, yaani miaka ya kujenga, kugawana viwanja upya na kesi za mirathi, hakioneshwi kabisa. Aceh wakala wa ujenzi na washirika wake walijenga nyumba takriban 140,000 kufikia 2009, na vita vya miaka mingi vikamalizwa kwa makubaliano ya Helsinki, Agosti 2005. Ni habari kubwa kuliko wimbi. Kamera zilikuwa zimeshaondoka.

Turudi Pangani. Mwaka 2004 hakukuwa na mtambo wa tahadhari katika Bahari ya Hindi. Kenya walipata habari za ng'ambo, polisi wakawaondoa watu fukwe za Mombasa, na hilo lilisaidia. Tangu 2011 upo mfumo ambao vituo vya Indonesia, India na Australia hupima na kuzitaarifu nchi nyingine, na kwetu mpokeaji ni Mamlaka ya Hali ya Hewa, TMA. Hiyo ndiyo taarifa usiyoipuuza: ya TMA, kupitia redio au viongozi wa eneo lako. Tetemeko la Sumatra hutalisikia miguuni, lakini una saa saba za kujiandaa, na saa saba ni nyingi. Ila ukiwa pwani ukasikia ardhi inatikisika kwa nguvu na kwa muda mrefu, hiyo yenyewe ndiyo tahadhari, usingoje redio. Nenda kwenye mwinuko, au kilomita mbili tatu ndani, mbali na mdomo wa mto, kwa sababu maji hupenda kupanda na mto. Kaa huko saa nyingi. Kama hamfiki, ghorofa ya tatu ya jengo imara la zege ni bora kuliko barabara.

Sauti za WhatsApp zipime hivi. Hakuna mwanasayansi anayeweza kutabiri tetemeko, kwa hiyo anayesema "kesho saa tisa" ni mwongo, hata akitaja NASA. Tahadhari ya kweli inataja tetemeko lililokwisha kutokea, mahali, saa na ukubwa wake. Na ukubwa una maana: tsunami ya kuvuka bahari kwa kawaida hutaka tetemeko la zaidi ya 7.5, lililo chini ya bahari na si la kina kirefu sana. Agosti 2020 lilitokea la kama 6.0 baharini karibu na Dar es Salaam, watu wakatoka nje ya nyumba, maji hayakuja. Mwenye kutuma video kwenye kundi mwombe kwa upole aseme ameitoa wapi. Wengi hunyamaza.

Kiwanja ni uamuzi wenu. Kama mtaamua kuhama siku moja, iwe kwa sababu ya bahari kula ufukwe, mafuriko, shule au kazi, mambo mnayoyaona kwa macho. Dhoruba nazo ziko karibu kuliko tsunami: kimbunga Hidaya kilifika pwani ya Tanzania Mei 2024. Kabla ya kuuza, nenda ofisi ya halmashauri ukaulize maofisa wa ardhi na kamati ya maafa ya wilaya eneo lenu limepimwaje. Hilo siwezi kukujibu kutoka mezani kwangu, linataka mtu akanyage kiwanja.

Mwanao sasa. Usimkemee kwa kuogopa, wala usimlazimishe kuingia majini ili "azoee". Mzuie kuangalia tena zile video, maana mtoto akiona wimbi lilelile mara kumi anaweza kudhani yametokea maafa kumi. Mwulize ameelewa nini, umsikilize mpaka mwisho, kisha mtembee pamoja kutoka nyumbani mpaka mahali pa juu mtakapokimbilia, yeye akiongoza njia. Mji wa Kamaishi, Japani, ulifundisha watoto wake hivyo kwa miaka, na mwaka 2011 karibu wanafunzi 3,000 wa shule zake walinusurika, wengine wakiwavuta wadogo zao mkono. Hofu yenye njia ya kupita hupungua.

Kwa watoto wengi hali hii hutulia ndani ya wiki chache. Ukiona imepita mwezi na bado haipungui, au ameanza kukojoa kitandani wakati alikuwa ameacha, hataki kula, hataki shule, anashtuka kwa kila sauti, usingoje. Mpeleke hospitali ya wilaya, uwaeleze yote uliyonieleza mimi pamoja na ile filamu, na uombe rufaa ya kwenda Bombo, hospitali ya rufaa ya mkoa wa Tanga, kwenye huduma za afya ya akili. Ofisa ustawi wa jamii wa wilaya naye anaweza kukushika mkono. Na akisema jambo lolote la kutaka kujidhuru, hata kama analisema kwa utani, mpeleke siku hiyohiyo.